Kwa anayeanza kuokoa sauti za kwenye kanda

Kama umeingia kazi hii juzijuzi, bila shaka umeshaletewa mfuko wa plastiki wenye kanda kumi na kitu: za harusi, za maulidi, na moja imeandikwa "Mama" kwa wino uliofifia. Mwenye nazo anataka kesho awe nazo kwenye simu. Mwambie kesho haiwezekani, umwombe wiki mbili, na umwombe jambo la pili ambalo nitalieleza huko mbele, kwa sababu mimi nilichelewa sana kulijua.

Usiitie kanda kwenye mashine siku ile ile. Ishike kwenye mwanga uuangalie utepe ubavuni. Huku Unguja masika yanaharibu vitu, na ukiona unga mweupe ukingoni, hiyo ni kuvu. Ukiipitisha kanda hiyo kwenye hedi, kile kichwa cha mashine kinachosoma utepe, umeshaiambukiza inayofuata. Itenge. Tazama na kile kijipande cha sufi kinachousukuma utepe uguse hedi. Kikibanduka, sauti inafifia na watu wanasema kanda imekufa, kumbe haina tatizo jingine. Hamishia utepe kwenye kasha zima lenye skrubu. Vunja vile vimeno viwili vya juu ili usije ukarekodi juu yake kwa bahati mbaya. Kisha ipeleke mbele mpaka mwisho na uirudishe, taratibu, kabla ya kusikiliza chochote. Kanda za dakika 120 ni nyembamba mno, hizo hata kuzikimbiza nyuma na mbele ni hatari.

Kuna skrubu ndogo kando ya hedi ambayo wengi hawaigusi. Kanda ilirekodiwa kwenye redio ya mtu, na hedi ya redio ile huenda ilikaa upande kidogo. Kwenye mashine yako sauti inatoka nzito, kama mwimbaji kajifunika shuka. Igeuze kwa bisibisi, kidogo sana, huku umetega sikio kwenye herufi "s" na kwenye njuga za matari. Utafika mahali shuka litaondoka. Mimi hadi leo moyo hunipiga pale.

Hifadhi kwa WAV, yaani faili la sauti isiyobanwa, biti 24, kilohezi 48 au zaidi. Hiyo mp3 iache iwe ya kutumiana kwenye simu. Nakala tatu, na moja ilale nyumba nyingine.

Sasa lile ambalo hakuna aliyenifundisha. Mwaka wangu wa kwanza nilipewa kanda ya harusi, imejaa makelele: vyombo vinagongana, watoto wanalia, mtu anakohoa karibu na kinasa sauti. Nikakaa siku tatu na programu ya kusafisha, nikafuta kila kilichofutika, nyimbo zikabaki safi. Nikaipeleka kwa mwenyewe, mama wa makamo, akasikiliza mpaka mwisho akiwa kimya. Halafu akaniuliza, "Mwanangu, baba umemweka wapi?" Kile kikohozi kilikuwa cha baba yake, na hapakuwa na sauti yake nyingine popote. Kwa rehema ya Mungu nilikuwa sijafuta nakala ya mwanzo. Tangu siku ile nakala ya kwanza naihifadhi kama ilivyotoka kwenye kanda, na usafi naufanya kwenye nakala ya pili, tena baada ya kumuuliza mwenyewe anasikia nini mle ndani.

Hilo ndilo jambo la pili la kumwomba: akae nawe asikilize. Aje na dada yake, shangazi, jirani. Wewe washa kinasa sauti kingine uwarekodi wao wanavyosikiliza.

Ukienda kumrekodi mwimbaji aliye hai, usizime mashine wimbo ukiisha. Nilimrekodi bibi mmoja wa Makunduchi akiimba nyimbo za kutwangia, na kila akinyamaza nilibonyeza kitufe ili nisipoteze betri. Yeye katikati ya nyimbo alikuwa ananieleza nani alimfunza, na kwa nini ubeti ule hauimbwi mbele ya wakwe. Nilirudi baadaye kumwuliza tena, akanieleza kwa ukarimu ule ule, lakini kwa ufupi, kama mtu anayejibu swali.

Na nyimbo za unyago ziache kwa wenyewe. Kama wewe ni mwanamume, usiombe hata kusikiliza. Mrudishie kungwi kanda yake. Kama ni mwanamke na umeruhusiwa, muulize nani mwingine asikilize, uandike jibu lake kwenye lebo. Mtu akikukatalia, ashakujibu.

Siti binti Saad alipokwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi, upande mmoja wa santuri za zama zile ulibeba kama dakika 3 tu. Basi hata sauti iliyotutangulia sote kwenye kazi hii ilibidi itoshe ndani ya chombo. Kanda zetu nazo ni hivyo hivyo. Ile ya dakika 60 ina nusu saa kila upande, na nusu saa haimsubiri mwimbaji.

Mwaka jana tulikaa sebuleni na wanawake watano, tunasikiliza harusi ya mmoja wao. Upande A ukakatika katikati ya ubeti. Nikanyoosha mkono kugeuza kanda, nikaona hawakunyamaza: wote watano walikuwa wameuchukua wimbo pale pale ulipokatika, mmoja anapiga meza kwa kiganja, wakaenda nao beti tatu ambazo hazimo upande B. Kinasa sauti cha pili kilikuwa kinawaka.