Maswali na majibu: faili moja ya DLL, programu nyingi

Maswali ya safari hii yamehusu programu za zamani, hasa faili ambazo programu hizo hushirikiana na nyingine ndani ya Windows.

Nilipokuwa naondoa programu ya zamani ya hesabu za duka, lilitokea dirisha likiniuliza kama nifute faili ya pamoja ambayo haionekani kutumiwa tena. Nibonyeze ndiyo au hapana?

Bonyeza hapana. Faili ya DLL ni fungu la kazi zilizokwisha kuandikwa, ambalo programu nyingi huweza kuliazima badala ya kila moja kubeba nakala yake. Utaratibu huo ulikuwa na maana kubwa enzi ambazo diski zilikuwa ndogo. Ili kujua faili inaazimwa na wangapi, Windows hutunza hesabu ndani ya sajili yake, yaani daftari lake la mipangilio, katika sehemu iitwayo SharedDLLs, ambapo kila faili imeandikiwa namba. Kisakinishi (programu inayoweka programu nyingine kwenye kompyuta) kinachofuata utaratibu huongeza moja kinapoikuta au kuiweka faili hiyo, na programu inapoondolewa hupunguzwa moja. Namba ikifika sifuri ndipo unapoulizwa swali hilo.

Tatizo ni kwamba hesabu hii hutegemea uaminifu wa kila kisakinishi, na vingi vya miaka ya 1990 havikuwa na uaminifu huo. Programu iliyonakiliwa tu kutoka kwenye flashi haihesabiwi kabisa. Kwa hiyo sifuri humaanisha kwamba hakuna aliyejiandikisha, wala si kwamba hakuna anayeitumia. Ukiiacha faili utapoteza nafasi ndogo sana. Ukiifuta, huenda wiki ijayo programu nyingine ikagoma kufunguka, na ujumbe wake hautakukumbusha kwamba wewe ndiye uliyebonyeza ndiyo.

Programu inasema faili ya MSVCR100.dll haipo. Nimeipata kwenye tovuti inayogawa DLL bure. Niiweke kwenye System32, folda ya Windows ya faili za mfumo?

Usiiweke. Hujui ni toleo gani, hujui imepitia mikono ya nani, na hata ikiwa safi haitapata masahihisho ya usalama. Faili hiyo ni sehemu ya kifurushi cha Visual C++ 2010, yaani faili za kuendeshea programu zilizoandikwa kwa zana hiyo, ambacho Microsoft hukitoa bila malipo; pakua kifurushi chote kutoka kwao, nacho kitaweka faili zinazohitajika mahali pake.

Namba iliyo kwenye jina ndiyo inayokuelekeza: 100 ni ya mwaka 2010, 120 ni ya 2013, na 140, utakayoikuta katika VCRUNTIME140.dll, ilianza na toleo la 2015 na imeendelea kutumika katika matoleo yaliyofuata. Moja haizibi pengo la nyingine. Nimewahi kuona fundi akibadilisha jina la faili ya 120 ili ionekane kuwa ya 100, na programu ikamjibu kwa kosa jipya lisiloeleweka kuliko lile la kwanza. Kumbuka pia kwamba programu ya biti 32 huhitaji kifurushi cha x86 hata kama Windows yako ni ya biti 64. Mimi huweka vyote viwili, x86 na x64, nikamaliza.

Programu yetu ya stoo hutoa kosa namba 339 na kutaja MSCOMCTL.OCX. Nimeiweka faili hiyo System32 na kuisajili kwa regsvr32, amri ya Windows ya kusajili faili za namna hii, lakini inakataa. Faili naiona kwa macho yangu. Kulikoni?

Faili unaiona wewe, lakini programu haiioni. Katika Windows ya biti 64, folda ya System32 hukaa faili za biti 64, na zile za biti 32 hukaa katika folda yenye jina la kupotosha, SysWOW64. Majina yamekaa kinyume kwa sababu waandishi wengi wa programu walikwisha kuandika neno System32 moja kwa moja ndani ya kazi zao, na kulibadilisha kungezivunja. Programu ya biti 32 inapoomba System32, Windows huielekeza kimyakimya kwenye SysWOW64, ambako wewe hukuweka kitu.

MSCOMCTL.OCX, ambayo ni DLL yenye jina la mwisho tofauti, ni ya biti 32, kama zilivyo programu zote za Visual Basic 6, lugha iliyotoka mwaka 1998. Ihamishie C:\Windows\SysWOW64, fungua lile dirisha jeusi la amri kwa mamlaka ya msimamizi, kisha andika:

C:\Windows\SysWOW64\regsvr32.exe C:\Windows\SysWOW64\mscomctl.ocx

Bila mamlaka ya msimamizi usajili hushindikana, hata kama amri umeiandika bila kosa. Ikiwa bado unacho kisakinishi cha awali cha programu hiyo, anza nacho kabla ya kuhangaika na faili mojamoja.

Kisakinishi kinasema faili iliyopo ni mpya kuliko yake, kinauliza kama niibakize. Niibakize?

Ndiyo, ibakize.

CD ya kamusi ya mwaka 1996 haianzi kabisa kwenye Windows 11, ingawa boksi lake limeandikwa Windows 95. Je, ni DLL iliyokosekana?

Hapana. Katika miaka ile watengenezaji wengi waliandika programu yenyewe kwa biti 32, lakini wakaifunga ndani ya kisakinishi cha biti 16, ambacho Windows yoyote ya biti 64 haiwezi kukiendesha. Windows huvitambua vichache, vikiwemo baadhi ya vile vilivyotengenezwa kwa InstallShield 5, zana ya kuundia visakinishi, na kuviwekea kibadala cha biti 32. Chako inaelekea hakimo. Windows 11 nayo haina toleo la biti 32.

Njia ya uhakika ni kuunda mashine pepe (kompyuta ya kuigiza inayoendeshwa ndani ya kompyuta yako), kuweka ndani yake Windows ya zamani ya biti 32 unayomiliki leseni yake, na kusakinisha kamusi humo bila kuiunganisha na intaneti. Ukipenda, baada ya hapo nakili folda ya kamusi kutoka kwenye mashine pepe uijaribu kwenye Windows 11. Ikilalamika kwamba DLL fulani haipo, itafute katika folda ya System au System32 ya mashine pepe, kulingana na Windows uliyoweka humo, uiweke ndani ya folda ya kamusi yenyewe, kando ya faili ya EXE, isigusane na za wengine.