Dokumentari kuhusu mwili na filta za simu: anza na kamera yako

Mleta uzi anauliza atarekodi vipi dokumentari kuhusu vijana, filta za simu na namna jamii zao zinavyoutazama mwili, bila filamu kurudia kosa lilelile inalolikosoa. Kabla hujaandika swali hata moja la mahojiano, ijaribu kamera, maana nayo ina upendeleo wake.

Ukimpiga mtu picha kwa umbali wa sentimita 30, pua inavimba na masikio yanarudi nyuma. Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2018 ulikadiria kuwa pua huonekana pana kwa takriban asilimia 30 kuliko ikipigwa kutoka mita 1.5. Kinachopotosha ni umbali. Weka kamera mita 1.5 hadi 2, ndipo uchague lenzi. Milimita 50 hadi 85 zinatosha kwa kamera yenye sensa ya fremu kamili (sensa kubwa, ukubwa wa filamu ya milimita 35). Tena lionesheni hili ndani ya filamu: mtu yuleyule, umbali wote wawili. Msichana anayeichukia pua yake huenda anaichukia pua ya selfi tu.

Kwenye ngozi ndiko wengi huharibu. Kamera ikiachwa ijipange yenyewe hutafuta kijivu cha wastani, hivyo mtu mweusi akikaa mbele ya ukuta mweupe anazama gizani. Panga kiwango cha mwanga kwa mkono. Zebra (mistari inayotokea kwenye skrini ya kamera pale mwanga unapofikia kiwango ulichopanga) ya asilimia 70 wanayoshauri kwa uso ilikusudiwa ngozi nyeupe; ngozi nyeusi sana iliyomulikwa vizuri hukaa karibu 35 hadi 50, na kuisukuma ifike 70 ni kuichubua kwa mashine. Badala yake punguza mwanga wa nyuma, kisha leta taa kubwa laini pembeni, kama nyuzi 45, mng'ao uchore umbo la uso. Taa iwe na CRI (kipimo cha taa kuonesha rangi kwa uhalisia, mwisho 100) ya 95 kwenda juu. Zile hafifu hupungukiwa wekundu, ngozi ikatoka kijivu.

Filta yenyewe irekodi kutoka ndani ya simu, si kwa kuelekeza kamera kwenye kioo chake, maana utapata michirizi. Wakati huohuo kamera ya pili imrekodi mhusika bila filta. Gonganisha viganja mara moja mwanzoni, mlio huo ukusaidie kuoanisha rekodi zote mbili. Pale filta inapoupoteza uso, usikate, maana mifumo ya kusoma nyuso haikosei watu wote sawa. Watafiti Joy Buolamwini na Timnit Gebru walipima mwaka 2018 mifumo ya kutambua jinsia kwa uso: wanawake wenye ngozi nyeusi walikosewa hadi asilimia 34.7, wanaume wenye ngozi nyeupe asilimia 0.8 tu. Kipande hicho cha filta kushindwa ni ushahidi wako.

Kwenye mahojiano, "unajionaje?" huleta majibu ya kukariri. Uliza: picha ya mwisho uliyofuta, uliifuta kwa nini? Halafu mhusika amwoneshe bibi au shangazi picha mbili, yenye filta na isiyo nayo, nawe unyamaze urekodi. Utamaduni utajitokeza wenyewe kwenye maneno watakayobishania.

Epuka picha za miili isiyo na vichwa na ile ambayo kamera inapanda taratibu kutoka miguuni mwa mtu. Ridhaa iwe mara mbili, kabla ya kurekodi na baada ya kuonesha toleo la awali. Aliye chini ya miaka 18 akubali yeye pamoja na mlezi wake.

Mwisho, wakati wa uhariri, angalieni programu ya kuondoa chenga, yaani vidoadoa vya picha iliyopigwa kwenye mwanga hafifu. Ikizidishwa hufuta vinyweleo na makovu, na hapo mtakuwa mmemvika filta bila kumwambia.