Nondo wa nyanya hukaa wapi mchana?

Ndugu yangu wa Masaka, umeuliza wale nondo wadogo wa kijivu wanaoruka jioni kwenye nyanya zako hukaa wapi mchana, na kwa nini dawa haiwamalizi. Kwa maelezo yako, naamini huyo ni kantangaze, mdudu aliyeelezwa kitaalamu mwaka 1917 kutoka Peru, akaingia Uhispania mwaka 2006 na baadaye Afrika. Mchana hujificha katikati ya majani, lakini anayekutia hasara ni kiwavi wake. Chuma jani lenye baka jeupe, uliinue juani: utamwona kiwavi wa kijani hafifu kati ya ngozi mbili za jani, na vinyesi vyeusi nyuma yake. Humo ndani, dawa inayobaki juu ya jani haimfikii, na nakusihi usiiongeze kipimo. Viwavi wengi wakishakomaa hushuka udongoni, ambako hugeuka nondo. Basi chuma majani na matunda yaliyotobolewa, uyafukie kwa kina, ung'oe mnavu pembeni, maana nao humlisha, na msimu ujao panda mahindi hapo, wala si biringanya au viazi mviringo.