Sinema Hii Imekatwa?

SWALI: Shikamoo mzee. Hapa Tabora tulionyeshwa "Inflation" (yaani mfumuko wa bei) ya Mjerumani Hans Richter, ya 1928. Hata dakika tano haikufika: noti, sifuri, sura za watu, basi. Wenzangu wanasema imekatwa. Hadithi yenyewe iko wapi?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Nimeendesha projekta miaka 18, filamu zikikatika naziunga kwa wembe na gundi, kwa hiyo iliyokatwa naijua. Hiyo ni nzima. Ilitengenezwa fupi makusudi, iwe utangulizi wa sinema ndefu ya kampuni ya UFA, "Die Dame mit der Maske".

Hadithi ni hizo sifuri. Mwaka 1914 dola moja ilikuwa mark 4.2, pesa ya Ujerumani. Novemba 1923 ikafika 4,200,000,000,000. Ujerumani ilipigana vita kwa mikopo, ikashindwa, ikadaiwa fidia. Januari 1923 Wafaransa na Wabelgiji wakaingia Ruhr, eneo la Ujerumani lenye makaa ya mawe. Wafanyakazi wakagoma, na serikali ikawalipa kwa kuchapa noti. Nyingi zilichapwa upande mmoja tu, nyuma nyeupe pee! Mtu akishika mshahara alitoka mbio kwenda dukani, maana mkate wa asubuhi na wa jioni haukuwa na bei moja. Oktoba ghasia Hamburg, Novemba Hitler anajaribu kupindua serikali kule Munich. Sasa hapo mhusika mkuu ungemchagua nani? Richter kaichagua pesa yenyewe, na binadamu kawalaza chini yake, picha juu ya picha, mpaka huoni sura inaishia wapi na tarakimu inaanzia wapi. Mngeirudia mara ya pili mngeona.

Na wewe wa Tabora ndiye wa kuniuliza mimi habari za pesa za Mjerumani? Mwaka 1916 walifyatulia hapo kwenu sarafu za dhahabu za rupia 15, zina tembo. Bibi yangu hakuiona hata moja. Babu alipochukuliwa upagazi, malipo yalikuja kwa zile noti walizoanza kuzichapa Dar es Salaam mwaka 1915. Vita vilipokwisha hakuna Mhindi wala Mwarabu wa duka aliyezipokea. Bibi akazifungia kwenye kopo la chai. Sisi wajukuu tulizichezea duka, tukiuziana mchanga na majani. Jioni tukishachoka aliziokota, akakaa kizingitini, akazihesabu zote ndipo akafunga kopo.