Re: Nachunga ng'ombe mbuga ya Wembere (Tabora) peke yangu, naona mtu ambaye hayupo na usiku naitwa jina

Mkuu pole sana. Hayo maji unayoyaona mchana alafu ukisogea yanakimbia ni mazigazi tu, Wembere mwezi wa 10 ardhi inachemka na hewa ya chini inapindisha mwanga wa angani, hata kichaka cha mbali kinaonekana kirefu kinaelea kama mtu, kwahiyo usimfuate utapotea bure. Ila hiyo ya kuitwa jina usiku ndo inanipa wasiwasi. Upweke na kukosa usingizi vinaweza kuleta hivyo, na malaria ikipanda kichwani pia (Tabora hii unaijua), so anza na kipimo zahanati, mganga baadae. Alafu mwambie bosi akuletee mwenzio, hata dogo wa kupiga nae stori jioni. Akigoma wewe nenda Igunga mjini kwanza, ng'ombe ni zake.