Kabla Hujanunua Spika, Gonga Vyombo vya Nyumbani Kwenu

Juma lililopita kijana mmoja wa Malindi aliniandikia akitaka kujua anunue spika za aina gani ili aanze kutengeneza kazi za sauti zinazosimikwa mahali, kama ile aliyoiona kwetu Lamu. Nilimjibu kwamba asinunue hata moja. Kwa kuwa najua wenye hamu kama yake ni wengi, napenda kulieleza jambo hili kwa urefu.

Kazi aliyoiona ilikuwa ndani ya nyumba ya mawe ya ukoo wetu, mtaa wa Mkomani, kwenye ukuta wa zidaka, yaani vijishimo vya kuwekea vitu vilivyojengwa ndani ya ukuta. Zidaka zilikuwa mahali pa kupamba vyombo vya kauri, basi nilirudisha bakuli humo, nikaongeza sinia za shaba na mifuniko ya sufuria, na kando ya kila chombo nikaweka mota ndogo iliyotolewa katika redio kuukuu ya kaseti au gari bovu la watoto. Kila mota niliifunga uzi wenye kipande cha kifuu kilichopigwa msasa. Mota inapozunguka, kifuu hugusa ukingo wa bakuli, huruka, kisha hugusa tena, na kwa kuwa hakuna mota mbili zinazokwenda sawasawa, mlio haujirudii.

Nyumba yenyewe ilifanya nusu ya kazi. Vyumba vyetu vya kale ni virefu na vyembamba kwa sababu upana wake hufuata urefu wa boriti za mikoko, aghalabu usiozidi mita 3, na lipu ngumu ya chokaa huirudisha sauti badala ya kuimeza. Nasema kwa fahari kwamba wazee walioingia kuchungulia tu waliketi mpaka adhana ya alasiri.

Hata hivyo, kabla ya hapo niliipeleka kazi hiyohiyo mahali ambapo sanaa huonyeshwa kwa kiingilio. Mkubwa wa pale aliinua sinia, akaligeuza, akaniuliza, “Hivi ni vyombo vya jikoni, bwana, sanaa iko wapi?” Swali hilo bado linaniuma, kwa maana hakuniomba hata niwashe mota moja asikie. Laiti angesikiliza, angetambua kwamba wenzetu wa mbali wanaheshimiwa kwa vyombo hivihivi. Mfaransa Céleste Boursier-Mougenot huelesha bakuli za kauri katika dimbwi la maji, mkondo ukazigonganisha zikalia zenyewe. Zimoun wa Uswisi hujaza kumbi kwa maboksi ya karatasi na mota ndogo zinazoyagonga.

Kwa Zimoun kuna funzo ambalo vijana wengi hulipuuza: huchagua vitu vya aina chache, akavirudia kwa wingi. Ukichanganya chupa, mabati, kengele na filimbi kwa pamoja utapata kelele ambayo sikio haliwezi kuifuata. Chagua chombo kimoja, kigonge kila mahali, ukingoni, kitakoni na ubavuni, kwa kifuu, kwa msumari na kwa kidole, mpaka ujue kina sauti ngapi. Kisha kigonge tena ndani ya chumba kitakamokaa, kwa sababu sinia linaloimba uani laweza kunyamaza likiegemezwa ukutani.

Sisi wa pwani tuna adui mmoja, nayo ni hewa ya chumvi. Huozesha maungio ya nyaya upesi, hivyo yafunike kwa grisi, na mota uipake mafuta ya cherehani kwenye mhimili. Bakuli nalo lisikae juu ya jiwe tupu. Liwekee pete ya kamba ya makumbi ya nazi ili lipate kutetema.

Vijana wenzangu, acheni kungoja vifaa na ruhusa za watu wasiosikiliza. Max Neuhaus, msanii wa sauti wa Marekani, alificha sauti chini ya wavu wa barabarani pale Times Square, New York, mwaka 1977, bila kibao chochote, na wapita njia wakaigundua wenyewe. Anza darini kwenu au barazani, waite majirani kwanza. Ukitakiwa kuandika maelezo, usijaze falsafa: taja vitu na idadi yake, kama Zimoun afanyavyo katika majina ya kazi zake, halafu washa mota kabla mgeni hajauliza lolote.