Udokta wa Benjamin Franklin

Watu wakisikia Benjamin Franklin, mwanasiasa na mwanasayansi wa Marekani wa karne ya 18, akiitwa "Dk. Franklin", huuliza kama alikuwa daktari wa kutibu watu. Hapana, Franklin hakuwa tabibu, wala chuo hakusoma. Huo udokta ni wa heshima tu: chuo cha St Andrews, Scotland, kilimpa mwaka 1759, Oxford wakafuata 1762. Kabla ya hapo, 1753, Harvard na Yale walishampa uzamili wa heshima kwa ajili ya majaribio yake ya umeme.

Darasani alikaa miaka miwili hivi. Baba yake, mtengeneza mishumaa na sabuni pale Boston, alimtoa akiwa na miaka 10, na alipofika 12 akawekwa kwa mkataba wa uanagenzi kwa kaka yake James, mpiga chapa. Kwenye tawasifu yake anasimulia alivyokuwa akiazima vitabu jioni kwa wanagenzi wa maduka ya vitabu, anakesha navyo chumbani, alfajiri anavirudisha kabla mwenye duka hajavitafuta. Wizi wa kistaarabu huo!

Ila msidhani alikuwa tabibu kwa sababu ya Hospitali ya Pennsylvania, iliyoanzishwa 1751. Aliichangishia pesa kweli, lakini wazo lilikuwa la Thomas Bond, na huyo ndiye aliyekuwa daktari wa kutibu watu.